Kuongoza Filamu ya Makala ya Historia kwa Ajili ya Televisheni: Mwongozo Kamili kwa Mfano wa Vita vya Maji Maji

Mwongozaji wa filamu za makala za historia hubeba kazi mbili ambazo katika vipindi vingine vya televisheni hugawanywa kwa watu tofauti: hutafuta ushahidi kama mtafiti, kisha huupangia picha na sauti kama msanii. Anayeimudu kazi ya pili peke yake atatoa kipindi cha kupendeza ambacho mwalimu wa historia hawezi kukitumia darasani, na anayeimudu ya kwanza peke yake atatoa mhadhara ambao mtazamaji hataufikisha mwisho. Mwongozo huu unamfuata mwongozaji tangu anapojifunza kazi hadi anapokabidhi filamu yake, na mfano ninaoutumia kila hatua ni Vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907, ambapo watu wa kusini mwa Tanzania ya leo walipigana na utawala wa Wajerumani. Nimevichagua kwa sababu ni mada ngumu: hakuna picha jongefu za mapigano yake, hakuna shahidi aliye hai, na kumbukumbu zake zimegawanyika kati ya majalada ya Kijerumani na masimulizi ya koo za kusini mwa Tanzania. Swali ambalo mwongozaji anapaswa kuwa tayari kulijibu kwa kila picha na kila sentensi ya filamu yake ni moja: umejuaje?

Hatua ya kwanza: jifunze ufundi, lakini usiache kusoma

Njia za kuingia katika kazi hii ni kadhaa. Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, Idara ya Sanaa Bunifu ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na chuo cha mawasiliano ya umma cha serikali jijini Nairobi vimewatoa watu wengi wa kamera na wa jukwaa katika ukanda wetu. Wengine huanzia kwenye kituo cha televisheni, wakibeba taa na nyaya, hadi siku wanapoaminiwa kuhariri taarifa fupi. Kwa anayelenga historia, nafasi ninayoipendekeza kuliko zote ni ya mtafiti au mhariri msaidizi, kwa kuwa chumba cha uhariri ndipo mtu anapoona waziwazi ni maswali gani mwongozaji alisahau kuuliza na ni picha gani alisahau kupiga. Ukikaa hapo miaka miwili utajua udhaifu wa mahojiano kwa kuyasikiliza tu.

Ufundi wa kamera hujifunzwa upesi siku hizi. Kinachochelewa ni kusoma, na hapo ndipo wengi wanaponaswa. Mwongozaji wa historia anapaswa kumjua mwanahistoria aliyeandika juu ya mada yake, kujua alipata wapi habari zake, na kujua ni nani aliyempinga.

Hatua ya pili: badili mada iwe swali

“Vita vya Maji Maji” ni mada, na mada haina mwisho wala mwanzo. Filamu ya televisheni yenye dakika 52 haiwezi kubeba vita vilivyoanza katika milima ya Matumbi mwishoni mwa Julai 1905 na kuenea hadi Liwale, Mahenge, Ungoni na kwingineko. Mwongozaji anayejaribu kuvibeba vyote huishia kutaja majina na tarehe bila kumfanya mtazamaji amjue mtu hata mmoja.

Swali ni kitu kingine. Kwa nini watu wa Nandete, kijiji cha milima hiyo, walianza kwa kung’oa miche ya pamba, na si kwa kumshambulia mtu? Ujumbe wa Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, mganga aliyewapa watu dawa ya maji ya kuwakinga na risasi, ulipitaje kwa watu wa lugha na tawala mbalimbali ndani ya muda mfupi namna ile? Baada ya Wajerumani kuchoma mazao na maghala, familia ziliishije? Kila mojawapo ya maswali hayo linatosha filamu nzima, kwa sababu lina watu, mahali, na jambo ambalo mtazamaji atataka kujua mwisho wake. Andika swali lako kwa sentensi moja, lisome kwa mtu asiye wa fani yako, na kama hakuuliza chochote baada ya kulisikia, litafute lingine.

Hatua ya tatu: utafiti na daftari la ushahidi

Hii ndiyo hatua ninayoiomba ipewe muda mrefu kuliko zote, ikiwezekana nusu ya muda wote wa mradi, ingawa najua watayarishaji wengi hawapendi kulipia kazi isiyoonekana kwenye kioo.

Kwa Maji Maji, maandishi ya watawala yako mahali pawili pakuu. Nyaraka za Taifa jijini Dar es Salaam zina majalada ya enzi za Wajerumani, na Hifadhi ya Nyaraka ya Shirikisho la Ujerumani, iliyoko Berlin, inatunza majalada ya Ofisi ya Makoloni, ambayo sehemu kubwa inaweza kusomwa kwa njia ya mtandao. Barua nyingi ziliandikwa kwa mkono, kwa hati ya kale ambayo hata Mjerumani wa leo huhitaji kujifunza ili aisome, kwa hiyo tenga fedha za msomaji wa hati hizo mapema. Wamisionari nao waliandika sana, hasa Wabenediktini, watawa wa Kikatoliki, ambao askofu wao Cassian Spiss aliuawa Agosti 1905 akiwa safarini kuelekea Ungoni. Gavana von Götzen, aliyeamuru vita vikandamizwe, alichapisha kitabu chake mwenyewe mwaka 1909. Kisome, lakini kisome ukikumbuka kwamba aliyekiandika alikuwa na mengi ya kutetea.

Upande wa pili ni sauti za wenyewe. Mwishoni mwa miaka ya 1960 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kiliwatuma wanafunzi kusini kurekodi kumbukumbu za wazee, baadhi yao wakiwa waliviona vita kwa macho, na masimulizi hayo ndiyo yaliyobadilisha namna historia hii inavyoandikwa. Gilbert Gwassa, mwanahistoria aliyekuwa miongoni mwa walioongoza kazi hiyo, alikusanya mengi kutoka Umatumbi. Upo pia utenzi wa Abdul Karim bin Jamaliddini wa Lindi juu ya vita hivi, ambao unaonyesha jinsi mtu wa pwani, aliyesoma na mwenye maoni yake, alivyoyatazama mambo ya bara. Shairi ni ushahidi wa namna watu walivyoyaona mambo, na lina nafasi katika filamu kama ilivyo barua ya gavana.

Yote unayoyapata yaingize kwenye daftari la ushahidi. Safu ya kwanza iwe na dai, ya pili ilikotoka habari hiyo, ya tatu iseme nani anaipinga, na ya nne ieleze tutaionyesha vipi kwenye kioo. Nitoe mfano wa mstari mmoja. Mswada wa kwanza wa msimulizi huenda ukasema: “Wajerumani waliwaua watu 300,000.” Sentensi hiyo ina nguvu, lakini ukiipeleka kwenye daftari unakuta kwamba makadirio ya Wajerumani wenyewe yalikuwa 75,000, kwamba Gwassa alikadiria kati ya 250,000 na 300,000, na kwamba sehemu kubwa ya waliokufa waliuawa na njaa iliyofuata uchomaji wa mashamba. Sentensi ya mwisho itakuwa ndefu kidogo, itataja makadirio yote mawili na itasema njaa ilitumiwa kama silaha. Mtazamaji atakuwa amepewa ukweli mzito zaidi kuliko ile tarakimu moja, kwa sababu sasa anajua watu walikufaje.

Hatua ya nne: andiko, bajeti na vibali

Andiko la mradi lisizidi kurasa chache. Liseme swali, liseme kwa nini filamu itengenezwe sasa, liwataje watakaozungumza, na lieleze itaonekanaje. Kwa mada yetu, sababu ya “sasa” ipo: Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika Songea, akakutana na ukoo wa Songea Mbano, kiongozi wa Wangoni aliyenyongwa na Wajerumani, na kuomba radhi kwa yaliyotendwa, na suala la mabaki ya wazee waliouawa, yaliyopelekwa Ujerumani, bado linawagusa watu walio hai. Mhariri wa vipindi anataka kuona uhusiano wa namna hiyo, kwa kuwa ndio utakaomsaidia kuipangia filamu yako muda mzuri.

Katika bajeti, mambo yanayosahauliwa ni haki za picha za kale, tafsiri, manukuu ya chini ya kioo, na safari ya pili ya kurudi kupiga kilichokosekana. Haki za picha hasa zinaweza kukutoa jasho: hifadhi za kibiashara hutoza kwa sekunde, na bei hutofautiana kulingana na nchi filamu itakapoonyeshwa na miaka itakayoonyeshwa. Ukilipia Tanzania peke yake, kisha kituo cha Ulaya kikaitaka filamu, utaanza mazungumzo upya.

Kuhusu vibali, Bodi ya Filamu ndiyo ya kuanzia kwa Tanzania. Baada ya hapo barua ya utambulisho hushuka ngazi kwa ngazi, kutoka mkoa hadi wilaya, kata na kijiji, na ni vyema mwongozaji aende mwenyewe kwa mtendaji wa kijiji badala ya kumtuma msaidizi. Maeneo ya urithi na makumbusho yana taratibu zake, na ndege isiyo na rubani inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Panga safari za Rufiji na Kilwa nje ya masika, maana kati ya Machi na Mei barabara nyingi za ndani hazipitiki kwa gari lililobeba vifaa.

Hatua ya tano: mahojiano

Kwa kuwa walioviona vita hawapo tena, unayezungumza naye leo ni mjukuu au kitukuu. Hilo halipunguzi thamani ya maneno yake, ila linabadilisha namna ya kuuliza. Baada ya shikamoo na mazungumzo ya kawaida, ambayo hayafai kuharakishwa, anza na ukoo: baba yake nani, babu yake nani, nani alimsimulia, wakiwa wapi, naye akiwa na umri gani. Majibu hayo yarekodiwe kwa kamera, kwa sababu ndiyo yanayomwonyesha mtazamaji njia iliyopitwa na habari hadi ikafika. Mzee anayesema, “Bibi alinionyesha pango walimojificha, nikiwa mdogo wa kuchunga mbuzi,” amekupa ushahidi na amekupa mahali pa kupiga picha.

Usimwulize swali lenye jibu ndani yake. “Mzee, Wajerumani waliwatesa sana babu zenu, sivyo?” litakuletea “ndiyo” na kimya. Uliza: “Bibi alikuwa akisema nini juu ya wakati ule wa njaa? Walikula nini?” Hapo utasikia majina ya mizizi na matunda ya porini, utasikia nani alibaki na watoto, na utapata mambo ambayo hayamo katika jalada lolote la gavana. Akinyamaza, nawe nyamaza. Waongozaji vijana huogopa ukimya na kurukia swali linalofuata, na maneno ambayo mzee alikuwa akiyatafuta hupotea.

Mruhusu azungumze kwa lugha anayoiota. Mzee wa Kimatumbi, Kingindo au Kingoni anaweza kuwa na Kiswahili safi kabisa, lakini methali, nyimbo na vicheko vyake viko katika lugha ya nyumbani. Weka manukuu ya Kiswahili chini ya kioo, na mtafsiri awe mtu wa mahali hapo, kisha tafsiri yake ipitiwe na wa pili.

Upande wa ufundi, chagua mahali kwa kusikiliza kabla ya kutazama. Chini ya mwembe panapendeza, lakini mwanga unaopenya kwenye majani husogea usoni mwa msemaji kila baada ya muda, na utakapokata na kuunganisha, madoa ya jua yataruka kutoka shavu hadi paji la uso. Baraza yenye kivuli cha kudumu ni bora zaidi. Bati huvuma likipata joto na hunguruma mvua ikinyesha, jogoo hachagui saa, na mashine ya kusaga huanza kazi pale tu mzee anapofika penye uchungu. Maiki ya kubana kwenye nguo ifichwe vizuri, na kwa kina mama wenye kanga mabegani iwekwe mahali ambapo kitambaa hakitaisugua kila wanapojitanda. Kabla ya kuondoka, waombe wote wanyamaze nusu dakika, mrekodi sauti ya mahali penyewe. Mhariri atakushukuru.

Idhini isiwe karatasi ya kutia dole gumba tu. Isomwe kwa sauti, kwa lugha inayoeleweka, na ieleze kwamba maneno yake yanaweza kuonekana nje ya nchi na kubaki kwenye mtandao. Kuhusu fedha, ninasimama hapa: fidia muda na nauli ya mtu kwa kiwango kimoja kwa wote na kitangazwe mapema, lakini usilipe kulingana na uzito wa simulizi, kwani ukifanya hivyo simulizi zitaongezeka uzito.

Jambo moja zaidi kuhusu Maji Maji. Askari wengi waliopigana upande wa Wajerumani walikuwa Waafrika, na wapo watawala wa mahali waliochagua upande huo. Wajukuu wao wanaishi kata zilezile. Waulize nao, kwa heshima ileile, na usiwakutanishe na wengine mbele ya kamera ili upate ugomvi.

Hatua ya sita: picha za kale na maigizo

Hapa ndipo filamu nyingi za historia ya Afrika zinapopoteza uaminifu. Picha ya askari waliojipanga, yenye wekundu wa uzee, huwekwa juu ya sauti inayosema “1905,” ilhali ilipigwa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, pengine mamia ya kilomita kutoka mahali panapotajwa. Mkusanyiko wa picha za kikoloni ulioko Chuo Kikuu cha Frankfurt una makumi ya maelfu ya picha zinazotazamika bure kwenye mtandao, na ni hazina kubwa, lakini maelezo yake yaliandikwa na wapenda ukoloni wenyewe na mara nyingi hayana tarehe wala jina la Mwafrika aliyemo.

Jifunze kuihoji picha. Chukua picha ya wanajeshi wakishuka kwenye treni katika kituo kilichoandikwa Dodoma. Reli ya Kati ilianza kujengwa Dar es Salaam mwaka 1905, ikafika Morogoro 1907, na Kigoma 1914, kwa hiyo picha hiyo haiwezi kuwa ya Maji Maji hata kama mtu ameandika hivyo nyuma yake. Tazama majengo, bendera, sare, miti iliyopandwa, na nambari ya mpiga picha iliyokwaruzwa pembeni. Ukilazimika kutumia picha ya wakati mwingine, andika kwenye kioo mwaka wake wa kweli. Maandishi madogo ya sekunde tatu yanatosha.

Picha za walionyongwa na waliofungwa minyororo zinahitaji uamuzi mwingine. Wengi wao walipigwa picha bila ridhaa, na aliyezipiga picha hizo alitaka kuonyesha ushindi wake. Mimi huuliza kwanza kama habari inaweza kueleweka bila picha hiyo, na ninapoitumia ninamtaja aliyeipiga na sababu ya kuipiga, na simwonyeshi marehemu kwa kumkaribia usoni.

Maigizo yana mahali pake, ila yana gharama kubwa na hatari kubwa zaidi. Kinjikitile alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905, na maneno mengi yanayonukuliwa kuwa ni yake yalipita vinywa vingi kabla ya kuandikwa, hivyo mwigizaji anayemkariri kwa hotuba ndefu anamdanganya mtazamaji. Onyesha kinachojulikana: dawa yenyewe, maji yaliyochanganywa na mafuta ya nyonyo na mbegu za mtama, mikono inayoyakoroga, mbegu zinazoelea. Onyesha miche ya pamba ikitoka ardhini na udongo wake. Mikono, vivuli, ramani inayochorwa taratibu, na milima ya Matumbi yenyewe wakati wa alfajiri vinaweza kubeba dakika nyingi bila kumvika mtu sare ya kukodi isiyo ya wakati wake. Shambulio la boma la Mahenge la tarehe 30 Agosti 1905, ambapo watu walisonga mbele kuelekea bunduki za mashine, linaelezeka kwa nguvu sana ukisimama mahali penyewe na kumwacha mtazamaji aone umbali ulivyokuwa.

Hatua ya saba: uhariri na maneno ya msimulizi

Mahojiano yote yaandikwe neno kwa neno, pamoja na muda wa kila jibu, kabla hujagusa mashine ya kuhariri. Yachapishe, yakate kwa mkasi kama ni lazima, uyapange sakafuni hadi uone hadithi inakwenda. Unganisha kwanza sauti za watu, zikiwa peke yake. Mahali ambapo hadithi inakatika ndipo msimulizi anapohitajika, na hapo tu. Msimulizi anayeongea mfululizo humfunika mzee uliyemfuata kwa siku mbili za barabara mbovu. Kwa Kiswahili, ambacho maneno yake ni marefu, sizidishi maneno 100 kwa dakika, na ninasoma kila sentensi kwa sauti kabla ya kuipeleka studio.

Muziki usimfundishe mtazamaji kulia. Kama unatumia wimbo wa mahali, mlipe aliyeuimba na umtaje kwenye orodha ya majina.

Kisha mpe mwanahistoria filamu isiyokamilika pamoja na daftari la ushahidi, wakati bado kuna nafasi ya kubadilisha. Mwombe aandike makosa ya ukweli na aache ladha ya sanaa kwako. Mtayarishaji akisema hakuna muda, ondoa siku moja ya kurekebisha rangi, maana kosa la mwaka au jina litarudiwa na wanafunzi kwa miaka mingi.

Hatua ya nane: kukabidhi na kurudisha

Kituo cha televisheni kitataka filamu katika ubora na urefu walioutaja, sauti za wasemaji zikiwa zimetengwa na muziki, orodha ya kila picha ya kale na haki zake, na nakala ya mikataba. Andaa haya tangu siku ya kwanza ya upigaji, ili yasikulemee siku ya mwisho. Weka nakala tatu za picha zote ulizopiga, moja katika mji mwingine.

Filamu ionyeshwe kijijini kabla ya kuonyeshwa mjini. Beba projekta, jenereta na shuka jeupe, waalike waliohojiwa na ambao hawakuhojiwa, na baada ya onyesho washa kamera tena, kwa sababu watu watasahihisha majina, watabishana juu ya mipaka ya mashamba ya zamani, na mtu aliyekataa kuzungumza mara ya kwanza anaweza kusimama. Acha nafasi ya kurekebisha kutokana na hayo kabla ya kukabidhi.

Mwisho, mahojiano kamili, yale ya saa nzima ambayo dakika mbili tu ziliingia katika filamu, yakabidhiwe kwenye hifadhi: Nyaraka za Taifa, maktaba ya chuo kikuu, au Makumbusho ya Maji Maji mjini Songea, kila faili likiwa na jina la msemaji, ukoo wake, mahali, tarehe, lugha, na masharti aliyoyaweka. Nakala nyingine iende kwa familia yake, katika umbo wanaloweza kulicheza, na kwa wengi siku hizi hiyo ni kadi ndogo ya kumbukumbu inayoingia kwenye simu.